Ushuru Tunaolipa kwa Kila Sentensi

Mwaka jana nilikosa basi la kwenda Tanga kwa sababu ya tarakimu nne. Tiketi yangu, iliyojazwa kwa mkono na karani wa kampuni ambayo haina haja ya kutajwa, ilikuwa na neno "kuondoka" na mbele yake 12:00. Nilikuwa nimerudi karibuni kutoka nje, ambako nilikaa muda wa kutosha kuharibika, nikaisoma tarakimu ile kama inavyosomeka kwenye simu, nikafika kituoni saa nne na nusu asubuhi nikijiona mtu mwenye tahadhari. Dada wa dirishani aliitazama tiketi, akanitazama mimi, akasema kwa upole, "Kaka, basi hili limeondoka alfajiri. Si umeandikiwa saa kumi na mbili?" Nikajitetea kwamba 12:00 ni saa sita mchana. Akainama tena juu ya karatasi, akapitisha kidole kwenye maandishi, akauliza, "Sita iko wapi hapo, kaka?"

Sikuwa na jibu, wala sina mpaka leo. Kilichonivutia baadaye, hasira zilipokwisha, ni simu yake iliyokuwa juu ya kaunta ikionyesha 10:34. Ningemwuliza ni saa ngapi angesema saa nne na nusu na ushee, na asingetoa sita katika kumi ili aipate nne. Hakuna Mswahili anayefanya hesabu hiyo. Tunaona 07:00 tunasema saa moja, kama tunavyoona herufi tukatamka neno. Kwenye kioo kuna mfumo mmoja, mdomoni kuna mwingine, na mtu huvuka kutoka huku kwenda huko bila kupiga hodi. Ni pale karani anapoandika kwa tarakimu kile ambacho kwa kawaida husemwa kwa mdomo ndipo tunapogundua kwamba siku zote tumekuwa na saa mbili.

Visa kama hiki huzaa nadharia kubwa kwa haraka sana. Wapo wanaosema kwa fahari kwamba Mswahili ana wakati wake, unaofuata jua badala ya mtambo. Wapo wanaosema kwa dharau kwamba hizo ndizo "saa za Kiafrika", na kwamba anayefika harusini saa tatu wakati kadi imesema saa moja amechelewa kwa sababu ya lugha aliyolelewa nayo. Pande zote mbili zinakubaliana juu ya jambo moja, kwamba lugha ndiyo iliyotupa wakati tulio nao. Nadhani zote zimekosea, na kosa lao ni lile lile ambalo wasomi wakubwa wamelifanya katika suala zima la lugha na fikra, yaani kuchukua umbo la maneno na kuligeuza kuwa ushahidi wa kilichomo kichwani.

Tuanze na saa yenyewe. Waganda wanahesabu kama sisi, na Waethiopia vilevile, ingawa Kiamhari ni lugha ya Kisemiti isiyo na udugu wowote na Kiswahili wala Kiganda. Kinachotuunganisha ni anga. Dar es Salaam tofauti kati ya mchana mrefu kuliko yote na mchana mfupi kuliko yote katika mwaka haifiki saa moja, kwa hiyo kuhesabu kuanzia macheo ni jambo la busara ambalo halitamsumbua mtu mwezi wa Januari wala mwezi wa Julai. London, ambako mchana wa Desemba hauzidi saa nane kwa mengi na mchana wa Juni hupita saa kumi na sita, hesabu ya namna hiyo ingewatia watu wazimu. Jua ndilo lililotangulia, na lugha ikafuata kuandika lililokwishaamuliwa.

Mtu ambaye jina lake limeshikamana na hoja ya kinyume, Benjamin Lee Whorf, hakuwa mwanaisimu kwa ajira. Alikuwa mkaguzi wa kampuni ya bima ya moto huko Hartford, Marekani, na kazi yake ilimlazimu kuchunguza kwa nini majengo yanaungua. Aliona kwamba watu walikuwa waangalifu kupita kiasi karibu na mapipa yaliyojaa petroli, lakini karibu na mapipa yaliyoitwa matupu walivuta sigara na kutupa vipande vyake ovyo, ilhali pipa lililomwagwa petroli hubaki na mvuke ulio hatari kuliko petroli yenyewe. Neno "tupu" liliwaambia kwamba hapo hakuna kitu. Mfano huu naupenda kuliko mingine yote aliyowahi kuitoa, kwa sababu unaweza kuupima kwa fundi yeyote wa kuchomelea. Fundi mzoefu akiletewa pipa tupu alikate, kwanza hulijaza maji. Analiita tupu kama mwanagenzi wake anavyoliita tupu, lugha yao ni moja, lakini mmoja anaona mvuke na mwingine haoni. Neno lilimpumbaza asiyejua, na halikumfunga anayejua.

Whorf mwenyewe hakuishia kwenye mapipa. Alidai kwamba lugha ya Wahopi, wenyeji wa asili wa Arizona, Marekani, haina maneno wala maumbo ya kisarufi yanayoutaja wakati kama sisi tunavyoufahamu, na kwa hiyo Mhopi anauona ulimwengu kwa namna nyingine kabisa. Dai hilo lilizunguka dunia kwa miongo kadhaa mpaka mwaka 1983, mwanaisimu Ekkehart Malotki alipochapisha kitabu cha kurasa zaidi ya 600 kilichojaa maneno, viambishi na mafumbo ya wakati ya Kihopi.

Kwetu nadharia hii ina mtetezi wake, na ni mtu wa kuheshimiwa. John Mbiti, mwanatheolojia Mkenya aliyefundisha Makerere, alieleza katika kitabu chake cha mwaka 1969 kwamba kwa fikra za jadi za Kiafrika wakati una sehemu mbili, uliopita usio na mwisho na wa sasa, huku wakati ujao ukiwa karibu haupo. Ushahidi wake mkuu ulikuwa vitenzi. Alizipanga nyakati za vitenzi vya Kikamba na Kikikuyu, akaonyesha kwamba zile za wakati ujao hufika miezi michache tu mbele, na hata kwa kunyoosha hazivuki takriban miaka miwili, akahitimisha kwamba kisichoweza kuwekwa ndani ya kitenzi hakiwezi kuwekwa ndani ya fikra. Mihimili miwili ya nadharia hiyo aliipa majina ya Kiswahili, Sasa na Zamani. Mwanafalsafa Kwame Gyekye wa Ghana alimjibu kwa kutumia Kiakani, lugha yake mwenyewe, akionyesha kwamba ina maneno ya wakati ujao ulio mbali. Lakini kwa kuwa Mbiti alikopa kutoka kwetu, nasi tuna haki ya kuukagua mkopo.

Kiswahili kina -ta-, na -ta- haijali umbali. "Nitakuja jioni" na "bahari itapanda baada ya miaka 100" hutumia kiambishi kimoja. Tukifuata mbinu ya Mbiti tutalazimika kusema kwamba Mswahili ana wakati ujao usio na ukomo na kwamba hatofautishi jioni na karne, jambo ambalo mwenye nyumba anayesubiri kodi atakukatalia mara moja. Tena -ta- hiyo, kwa maelezo ya wanaisimu wengi, imetokana na kitenzi "taka". Hata leo mtu akitazama mawingu husema "mvua inataka kunyesha", na ukuta ukipata ufa husema "unataka kuanguka". Sijakutana na yeyote anayeamini kwamba ukuta una hamu. Tazama pia majina ya siku. Jumatano imebeba tano, na Alhamisi inayofuata imebeba tano nyingine, ya Kiarabu, kwa sababu hesabu moja ilianzia Jumamosi na nyingine Jumapili. Wiki yetu ina siku mbili za tano mfululizo, na kizazi baada ya kizazi kimeishi nayo bila kupotea hata soko moja.

Ukitaka kujua kama watu wa pwani waliufikiria wakati ujao, acha vitenzi, nenda ufukweni. Jahazi lililoshuka na kaskazi kutoka Uarabuni lilijua kwamba litapanda na kusi miezi kadhaa baadaye, na mali, mikopo na ndoa za mabaharia zilipangwa kwa kutegemea upepo ambao ulikuwa bado haujavuma. Manahodha na wakulima walihesabu mwaka wa siku 365 kuanzia Nairuzi, siku ambayo Makunduchi, Unguja, bado inaadhimishwa kila Julai kwa jina la Mwaka Kogwa, wakaugawa kwa miongo ya siku kumi kumi, wakajua ni mwongo upi wa kupanda na upi wa kuanza safari. Neno lile lile leo tunalitumia kwa miaka kumi. Na kwa siku zijazo zilizo karibu Kiswahili kina kesho, keshokutwa, mtondo na mtondogoo, ambazo ni siku ya kwanza mpaka ya nne, kila moja na jina lake. Mtondogoo sasa hulisikii tena isipokuwa kwa wazee na kwenye kamusi. Hatujapoteza uwezo wa kupanga jambo la siku nne zijazo, tunasema tarehe.

Baada ya kuyasema haya yote ingekuwa rahisi kuhitimisha kwamba lugha haina kazi yoyote katika fikra, na wapo wanaisimu wanaokaribia kusema hivyo. Mimi sikubali, na sababu yangu inaanzia kwenye jambo ambalo mwanaisimu Roman Jakobson aliligusa mwaka 1959, kwamba tofauti muhimu kati ya lugha haiko katika yale zinayoweza kuyasema, iko katika yale zinazotulazimisha kuyasema. Mimi huliona suala hili kama ushuru. Kila lugha ina vizuizi vyake barabarani. Penye kizuizi unalipa utake usitake, na pasipo kizuizi unaweza kulipa ukipenda, lakini wengi hatupendi. Nikisema "rafiki yangu amefika", sijakuambia kama ni mwanamke au mwanamume. Mwarabu hawezi kukificha hicho, kwa kuwa nomino na kitenzi chake vinadai jibu. Kwa upande mwingine mimi nimelazimika kuchagua kati ya amefika na alifika, na ukiniuliza alipo itanibidi nichague kati ya yupo, yuko na yumo, ingawa nakiri kwamba Nairobi kizuizi hiki cha mwisho kimekaribia kuondolewa na kila mtu yuko.

Ushuru unaolipwa mara mia kwa siku hujenga mazoea, na mazoea yanaweza kupimwa. Wasemaji wa Guugu Yimithirr, huko Queensland, Australia, hawamwambii mtu asogee kushoto. Wanamwambia asogee magharibi, hata kama wamo ndani ya nyumba. Mtoto anayekulia katika lugha hiyo hawezi kutoa maelekezo madogo kabisa bila kujua kaskazini iko wapi, na watafiti waliofanya kazi nao, John Haviland na Stephen Levinson, walikuta kwamba wanajua kweli, muda wote, kwa uhakika unaotushinda wengi wetu. Sisi majina yetu ya kaskazini na kusini yametoka kwenye pepo za baharini, lakini ndani ya nyumba tunatumia mkono, tena ule wa kulia kwa maana ya kulia chakula, kwa hiyo hatudaiwi kuijua kaskazini mpaka wakati wa kutafuta kibla katika chumba cha hoteli.

Jaribio ninaloliamini zaidi ni la Warusi. Kirusi hakina neno moja la buluu. Buluu iliyoiva na buluu iliyopauka ni rangi mbili zenye majina tofauti, na msemaji hana budi kutaja mojawapo. Mwaka 2007 Jonathan Winawer na wenzake waliwaonyesha watu miraba mitatu ya buluu, mmoja juu na miwili chini, wakawataka waonyeshe haraka ni upi wa chini unaofanana na ule wa juu. Warusi walikuwa wepesi zaidi pale miraba ilipoangukia pande mbili za mpaka wa majina. Walipopewa tarakimu za kukariri kimyakimya wakati wanafanya zoezi, wepesi ule ulitoweka. Wasemaji wa Kiingereza hawakuonyesha tofauti hiyo. Tunazungumzia sehemu ndogo ya sekunde, na huo ndio ukubwa halisi wa jambo lenyewe. Macho ya Mrusi ni kama ya kwetu, na kinachomharakisha ni neno linalonong'ona kichwani wakati jicho linafanya kazi yake. Ukilishughulisha neno kwa jambo jingine, jicho linarudi kuwa la wote.

Sisi tuna sifa tatu tu za rangi zinazofuata ngeli, yaani -eupe, -eusi na -ekundu, na hizo tatu ndizo zenye vikolezo vyake vya asili: pee, tii na pyu. Rangi nyingine tumeziazima kwenye jikoni na bustani, kama manjano, kijivu, kahawia na kijani. Nenda kwenye duka la vitenge umwombe muuzaji damu ya mzee, naye atakuvutia jora sahihi bila kuuliza, na akikuletea nyekundu ya kawaida utamrudishia. Uhaba wa viambishi haujamzuia yeyote kuona.

Mahali ambapo sarufi yetu imeshukiwa zaidi ni kwenye ngeli. Padri Alexis Kagame wa Rwanda, katika kazi yake ya mwaka 1956, alizichukua ngeli za Kinyarwanda akazifanya msingi wa falsafa nzima ya kuwepo, yenye makundi manne: umuntu, ikintu, ahantu na ukuntu, yaani mtu, kitu, mahali na namna. Ni jengo zuri. Lakini lipitishe kwenye Kiswahili, nalo linaanza kuvuja mlangoni. Kiongozi yuko upande wa vitu, pamoja na kijana, kinyozi na kiranja. Kipofu, kiziwi na kiwete wako humo humo, na kuna wanaosema kwamba hii ndiyo sababu jamii yetu imewatendea kama vitu. Hoja hiyo inagusa moyo, ila inasahau kwamba kiongozi ameketi kwenye benchi lile lile na hakuna aliyemwita kitu. Inasahau pia kwamba tunasema kipofu amefika, hatusemi kimefika.

"Kimefika" tunaisema, na hapo ndipo pa kutazama. Jirani asiyependwa akionekana kwenye kona, mtu husema chini kwa chini "kimekuja tena", na kila aliyepo anaelewa kwamba mtu ameshushwa cheo kwa silabi moja. Sarufi haikumfanya msemaji adharau. Dharau alikuwa nayo tangu nyumbani, na sarufi ikampa mahali pa bei nafuu pa kuiweka, pasipohitaji hata tusi. Ndiyo maana naona walikuwa na busara waliodai "kilema" kiachwe, na Tanzania ikapata Sheria ya Watu wenye Ulemavu ya mwaka 2010 kwa jina hilo refu. Urefu wenyewe ni ushuru: anayetamka maneno matatu amelazimishwa kumtaja mtu kwanza. Mitaani neno fupi bado linashinda, kwa sababu mdomo hupenda njia ya mkato.

Nimeliweka mwishoni neno ambalo kwangu ndilo gumu kuliko yote. Lugha hii ambayo kiwakilishi chake kimoja, yeye, kinamtosha mwanamke na mwanamume, ambayo inakuruhusu kusimulia maisha ya mtu kwa saa nzima bila kufichua jinsia yake, inasimama ghafla kwenye ndoa na kudai kitambulisho. Mwanamume anaoa, mwanamke anaolewa. Mmoja anatenda, mwingine anatendwa, na hakuna njia ya kukinyambua kitenzi hicho ukabaki salama. Walioliona tatizo hili wanapita pembeni. Magazeti huandika "wamefunga ndoa", na wengine husema "wameoana", ambayo ni sahihi lakini ina harufu ya ofisini.

Je, kauli ya kutendwa inamfanya mwanamke ajione wa kutendwa? Sina ushahidi wa kusema ndiyo, na nilikwisha sema mwanzoni kwamba umbo la neno si ushahidi. Ninachoweza kuonyesha ni kwamba fikra ya kinyume ipo na inasemeka. Mwanamume akihamia kwenye nyumba ya mkewe, au akionekana kuogopa kuchelewa kurudi, kijiweni husema "huyu kaolewa", na kijiwe kizima hucheka. Sentensi hiyo haiwachanganyi wala hawaombi kufafanuliwa. Sarufi inayodaiwa kuwa gereza imefunguliwa kwa mzaha mmoja. Ila kicheko nacho ni malipo, na hulipwa kila wakati, na anayekilipa ni yule aliyejaribu kupita pasipo njia.

Mwezi uliopita tulikuwa kwenye chai ya familia, na mpwa wangu, aliyefunga ndoa Desemba, alikuwa akimweleza mgeni habari zake. Akasema, kwa sauti ya kawaida kabisa, "Mimi nimeoa mwaka jana." Mgeni akadhani amesikia vibaya. Shangazi alicheka mpaka akalazimika kuweka kikombe chini, akafuta macho kwa ncha ya khanga, akarudia maneno yale kwa kila aliyekuwa jikoni. Kisha akatulia, akamgeukia mpwa wangu, akamwuliza bila kicheko tena, "Haya, mwanangu. Na mahari alitoa nani?"